NYUMA YA DEFRIZAN: GINSI YA KUCHUNGA NYELE NA NGOZI YA KICHWA



Katika gazeti letu, somo la sayansi linazoea kusema juu ya vitu vya mbali: mwezi, volkano, moyo wa chura. Mara hii sisi wanafunzi wa sehemu ya Bio-Shimi tumechagua kitu kilicho karibu sana, karibu hata kupita shati: nyele za kichwa, na sana sana nyele zilizotiwa dawa ya kunyoosha, ile ambayo wote tunaita defrizan. Wavulana, musiruke ukurasa huu. Muko na dada, siku moja mutakuwa na bibi na mabinti, na wengine wenu, tunawajua, munadefrize pia wakati wa vakansi.

Hatuandiki ili kumuhukumu mutu anayenyoosha nyele, wala kumusifu. Tunaandika kwa sababu tuko na deni.

1. MAMBO YALIYOTUFIKIA

Semestri iliyopita, siku ya posho jioni, dada mumoja wa interna alitaka kudefrize mbele ya arusi ya yaya yake. Alinunua dawa sokoni. Haikuwa katika kopo lake. Muuzaji aliigawa kutoka kopo kubwa na kuitia katika kikopo kidogo kisicho na jina wala karatasi ya maelezo. Muchana ule ule dada alikuwa amefumua masuko yake na kujikuna sana.

Sisi wawili tuliopewa kazi ya kuandika somo hili ndio tuliomupaka. Hatukuwa na mifuko ya mikono. Hatukutazama saa. Alipoanza kusema «inaniwasha», tulimujibu: «Vumilia, sasa ndipo inakamata.» Aliposhindwa kuvumilia, tulikimbia kwenye robine: maji yalikuwa yamekatika. Tulikuwa na nusu ya ndoo tu. Tulimuosha na nusu ya ndoo hiyo na kipande cha sabuni ya kufulia, kisha tukamufunga kitenge na kukaa kimya, maana tuliogopa mama wa interna.

Siku ya kwanza asubuhi, nyele nyingi zilibaki ndani ya kitenge. Nyuma ya sikio la kuume kulikuwa kidonda kikubwa kama kifuniko cha chupa. Munganga wa kituo cha afya alimutunza siku kumi na mbili, naye akakosa mitihani miwili. Fasi ile ya kidonda nyele hazijaota mpaka leo, na munganga anafikiri kwamba hazitaota tena.

Munganga alituuliza ulizo moja tu: «Maji yalikuwa wapi?» Maji yalikuwa katika tanki ya nyumba ya mwalimu, hatua mia moja kutoka chumba chetu cha kulala. Hatukwenda kuomba.

Dada huyo ametupa ruhusa ya kuandika mambo haya bila jina lake. Na kitu kinachotusumbua zaidi ni hiki: wiki tatu mbele ya usiku ule, sisi wawili tulikuwa tumepata 16 juu ya 20 katika mutihani wa shimi, na ulizo la kwanza lilikuwa juu ya soda kostiki.

2. SODA NI SODA

Wengi wetu tumeona ginsi mama zetu wa Uvira, Baraka na Fizi wanavyopika sabuni. Wanachukua mafuta ya mawese, wanatia maji yenye soda kostiki, wanakoroga mpaka inashikamana. Soda hiyo, kwa shimi, inaitwa hidroksidi ya sodiamu, NaOH. Hakuna mama hata mumoja anayetia mukono wake ndani ya chungu hicho. Tone moja likigusa kidole, unasikia kidole kinateleza. Kinateleza kwa sababu soda imeanza kupika sabuni na mafuta ya ngozi yako mwenyewe.

Basi, soda ile ile ndiyo inayofanya kazi katika defrizan nyingi za saloni. Kiasi chake ni kidogo, karibu gramu 2 ao 3 katika gramu 100 za krimu, lakini ni ile ile. Katika Marekani, mbele ya miaka ya 1950, wanaume weusi wengi walijitengenezea dawa ya kunyoosha kwa soda, viazi na mayai, na wengi waliungua. Mwaka 1954, George E. Johnson wa Chicago alianzisha kampani yake na kuuza dawa iliyotengenezwa kwa namna bora. Mafuta mazito ya krimu yanapunguza ukali, hayaondoi soda.

Kuna namna ya pili, ile ya sanduku lenye vitu viwili vya kuchanganya, na juu yake wameandika «bila soda». Ndani yake kuna hidroksidi ya kalsiamu, yaani chokaa iliyozimwa, ndugu ya ile tunayopaka kwenye kuta. Ikichanganywa na maji ya guanidini, inatokea hidroksidi ya guanidini, nayo ndiyo inayonyoosha. Mara nyingi inawasha kidogo kupita ile ya soda, lakini inaacha chokaa juu ya nyele na kuzikausha. Na «bila soda» si kusema «bila kuunguza». Watafiti wa Cape Town, Afrika ya Kusini, walipima defrizan mbalimbali na kuandika mwaka 2019 kwamba pH ya zile za soda, zile za bila soda, na hata zile zinazouzwa kwa ajili ya watoto, iko kwa kiasi kinachoweza kula ngozi.

Tukumbuke somo la pH. Maji safi yako kwa 7. Nyele na ngozi ya kichwa vinapenda asidi kidogo, karibu 5. Sabuni ya kufulia iko karibu 10. Defrizan iko kati ya 12 na 14. Na kila hatua moja ya pH ni mara kumi. Kutoka 10 mpaka 13 si kuongeza tatu. Ni mara 1,000.

3. NYELE IMEJENGWA NAMNA GANI?

Nyele imejengwa na proteini inayoitwa keratini. Keratini iko kama kamba nyingi zilizopangwa pamoja, na kati ya kamba na kamba kuna vidaraja vya sulfuri: atomu mbili zilizoshikana, S–S. Sulfuri hiyo ndiyo inayoleta ile harufu mbaya nyele zikiungua. Vidaraja ndivyo vinavyoshika umbo la nyele na nguvu yake.

Soda inafungua magamba ya inje ya nyele, inaingia, na kuondoa atomu moja ya sulfuri. Daraja linabaki na atomu moja tu, na halirudi tena kuwa vile lilivyokuwa. Ndiyo sababu nyele iliyodefrizwa haijikunji tena ikipigwa na mvua. Nyele ya chanuo cha moto iko tofauti: moto unagusa vifungo vidogo vya idrojeni, na maji kidogo tu yanavirudisha.

Nyuma ya mambo yale, mwalimu wetu wa shimi alitufanyia kipimo. Alileta nyele kutoka kwa kinyozi, akazitia katika soda ya 10 kwa 100, akaipasha moto. Nyele ziligeuka uji, kisha hatukuziona tena. Akasema: «Kati ya kunyoosha na kuyeyusha kuna vitu viwili tu: nguvu ya soda na muda.» Tuliyaandika maneno hayo kwa wino mwekundu, lakini tulikuwa tumechelewa.

Jambo la mwisho la kushika ni hili: nyele tunayoona imekufa, ni muzizi ndani ya ngozi ulio hai. Kidonda cha ngozi kinaweza kupona. Nyele iliyoharibika haiponi. Inangojea kukatwa tu, hata kama kopo la dawa linaahidi nini. Nyele mpya inaota kutoka ngozi, karibu sentimetre moja kwa mwezi. Basi kazi yetu ni mbili: kuchunga muzizi, na kutovunja kile kilichobaki.

4. SIKU YA KUDEFRIZE

Kuchunga nyele nyuma ya defrizan kunaanza mbele ya kufungua kopo.

a) Maji kwanza. Kwa kichwa kimoja, weka karibu bidoni mbili za litre 20, maji ya kawaida ao ya uvuguvugu. Hakuna maji, hakuna defrizan. Usitegemee robine.

b) Ngozi ipumuzike. Usioshe kichwa na usijikune kwa siku tatu ao zaidi mbele ya siku ile. Kama umefumua masuko, ngojea wiki moja ao mbili. Kama kuna kidonda, hata kidogo, acha kabisa.

c) Kopo liwe na jina lake na maelezo yake. Dawa ya kupimiwa sokoni bila karatasi, hujui nguvu yake wala muda wake. Jaribu kwanza juu ya nyele chache.

d) Paka vazelini kwenye paji la uso, masikio na shingo. Anayepaka avae mifuko ya mikono. Dawa ni ya nyele. Isisukumwe kwenye ngozi.

e) Tazama saa. Usipite dakika zilizoandikwa. Na ikiwasha, hiyo si alama kwamba inakamata. Ni alama kwamba imefika kwenye ngozi. Osha mara moja, hata kama nyele hazijanyooka.

f) Osha kwa maji mengi mpaka krimu yote iishe, kisha tumia shampo ya kuzimisha, ile inayouzwa pamoja na dawa. Hiyo iko na asidi kidogo, nayo inazima soda iliyobaki. Rudia mara tatu. Povu la shampo zingine linageuka rangi ya waridi soda ikiwa bado ipo. Osha mpaka povu liwe jeupe. Sabuni ya kufulia haiwezi kazi hii, maana yenyewe ni basi, si asidi. Hapo tulikosea vibaya.

g) Ikiingia katika jicho, mwanga maji safi juu ya jicho bila kuacha, dakika 20 ao zaidi, kisha kwenda kwa munganga. Ngozi ikiungua, ni vile vile: maji, maji, maji. Usipake ndimu, wala dawa ya meno, wala mafuta.

5. WIKI NA MIEZI INAYOFUATA

Watu wengi wanafikiri kwamba dawa imeisha kazi siku ile ile. Kweli soda imeisha, lakini nyele imebaki na vidaraja vichache. Iko kama nyumba iliyopunguzwa nguzo: inasimama, ila haitaki kusukumwa.

Siku tatu za kwanza, usisuke, usivute, usitie chanuo cha moto. Kama unataka kutia rangi, ngojea wiki mbili.

Kuosha: mara moja kwa wiki ao kwa wiki mbili, kwa shampo ya nyele. Wenzetu wengi wa interna wanaosha kichwa na kipande kile kile cha kufulia nguo. Kwa nyele hizi ni hatari, maana pH yake inafungua magamba tena. Kisha kuosha, unaweza kumwanga maji yenye siki, kijiko kimoja kwa litre moja, ili magamba yafunge. Lakini si wakati kuna kidonda.

Mafuta: mafuta ya nazi yanaingia ndani ya nyele na kupunguza proteini inayopotea wakati wa kuosha. Hapa kwetu nazi ni bei, lakini mafuta ya kokwa ya ngazi, yale ya mbegu ya ndani, yako na asidi ya loriki kwa wingi sawa na nazi. Paka kidogo, sana sana kwenye ncha, mbele ya kuosha. Mawese mekundu tuyaachie maharagi.

Kuchana: chanuo chenye meno makubwa. Anza na ncha, kisha panda polepole mpaka kwenye ngozi. Nyele yenye maji iko zaifu. Ifungue kwanza kwa vidole.

Kulala: funga kitambaa laini cha sateni. Kitenge cha pamba kinakunywa mafuta na kusugua nyele usiku wote.

Kurudilia dawa: kisha miezi miwili, kila nyele iko na sehemu mbili, ile mpya yenye nguvu karibu na ngozi, na ile ya zamani iliyo zaifu. Pale zinapokutana ndipo nyele inakatika. Ukitaka kurudilia, usifanye mbele ya wiki 8. Wiki 12 ni bora. Na paka sehemu mpya tu. Tufanye hesabu: nyele ya sentimetre 12 iko na mwaka mumoja. Mutu anayepaka kichwa chote kila miezi miwili, ncha ya nyele yake imekula soda mara sita. Mwenzake anayepaka sehemu mpya tu, ncha yake imekula mara moja.

Meshi na masuko: usitie meshi nzito juu ya nyele zilizodefrizwa, wala kuvuta mpaka macho yapande. Ukiona vipele vidogo kwenye paji la uso, ao ukishindwa kulala kwa maumivu, fumua, hata kama ulilipa jana. Fasi inayovutwa kila mara inaweza kuachwa na nyele kwa siku zote.

Kuchanganya: nyele iliyopata soda ao chokaa isitiwe dawa ya kufanya mawimbi, ile ya thioglikolati. Dawa hizo mbili zikikutana juu ya nyele moja, nyele inakatika.

6. MANENO TUNAYOSIKIA

«Yai linarudisha nguvu ya nyele.» Hapana. Proteini ya yai ni kubwa, haiingii ndani. Inafunika inje tu. Hilo yai tulikule.

«Kukata ncha kunaharakisha kuota.» Hapana, nyele inaota kutoka muzizi. Lakini kukata ncha zilizopasuka kunazuia mupasuko usipande juu.

«Defrizan inaleta kansere.» Hapa tuseme kwa uangalifu. Katika Marekani, watafiti walifuata wanawake zaidi ya 33,000 kwa muda wa karibu miaka 11. Katika mwezi wa 10 mwaka 2022 walitangaza kwamba wale waliotumia dawa za kunyoosha zaidi ya mara nne kwa mwaka walipata kansere ya tumbo la uzazi kupita wale wasiotumia: kufika umri wa miaka 70, karibu wanne katika mia, kuliko mumoja na nusu hivi katika mia. Hiyo inaonyesha kwamba mambo hayo mawili yanatembea pamoja. Haijahakikisha kwamba moja linaleta lingine. Si sababu ya kupiga kelele usiku. Ni sababu nzuri ya kupunguza mara, na ya kutomupaka mutoto mudogo.

Na yule anayetaka kuacha? Hakuna dawa ya kurudisha vidaraja. Anangojea nyele mpya, anakata za zamani kidogo kidogo, ao anakata zote siku moja na kuanza upya. Kwa mwaka mumoja atakuwa na karibu sentimetre 12. Dada yetu amechagua hiyo njia ya pili. Anafunga kitambaa upande wa kuume, na wiki iliyopita alicheka kwa mara ya kwanza tulipomuita «mama mukubwa».

7. MAULIZO YA KUJIPIMA

1. Kwa nini sabuni ya kufulia haiwezi kuzimisha defrizan?
2. «Bila soda» maana yake nini? Ndani ya sanduku hilo kuna nini?
3. Nyele ya chanuo cha moto inajikunja tena kwenye mvua, ile ya defrizan haijikunji. Eleza sababu.
4. Mwenzako anasema «inaniwasha». Unafanya nini kwanza?

Ulizo la ine, sisi tulilijibu vibaya juu ya kichwa cha mutu, na alama zake haziwezi kurudishwa. Basi tulikwenda kwa mama wa interna na kumuambia yote. Alitukemea, ilifaa atukemee. Kisha alikubali jambo moja: tangu wiki hii, nyuma ya mulango wake kunakaa bidoni mbili zenye kamba nyekundu, zimejaa sikuzote, pamoja na chupa ya shampo ya kuzimisha. Ni za ajali tu, si za kufulia. Walimu wanaokaa karibu nao wamesema kwamba tanki zao ziko wazi hata katikati ya usiku.

Mutu akifika pale mbio hataulizwa kwanza alinunua dawa wapi, wala nani alimupaka. Maji kwanza, maulizo nyuma.

Sisi wanafunzi wa sehemu ya Bio-Shimi